Mbandika Notisi

Kazi yangu ni ndogo: ndoo, brashi,
gundi ya unga wa ngano niliyoikoroga mwenyewe alfajiri
kwenye jiko la mke wangu.
Hunukia uji. Watoto huiulizia.

Nabandika. Sisomi.
Mikutano ya injili, waganga, vyumba vya kupangisha,
na mara mojamoja, serikali.

Alhamisi ile nikapewa karatasi arobaini na mbili:
kando ya reli, nyuma ya Makadara,
pale mto unapobadili rangi kulingana na zamu ya kiwandani.
"Kila mlango," karani akasema, "na picha upige."
Akanipa mia tano na nauli ya kwenda tu.

Nikafika. Nikasimama na ndoo yangu.

Nibandike wapi?

Milango ililala chali matopeni,
bawaba bado zimeng'ata mbao.
Mabati yamekunjwakunjwa kama barua
ambayo mwandishi wake ameghairi.
Tingatinga lilikuja saa nane za usiku, likaenda zake,
likaacha nyayo pana ambamo maji yalikuwa yameanza kutuama.
Kuku mmoja alilitafuta banda,
akazunguka palepale, akazunguka,
kama mtu aliyeingia chumbani akasahau alichofuata.

Hapo nikasoma.
Miaka kumi na mmoja ya kazi, na ndiyo mara ya kwanza.
*Mnaarifiwa kuhama katika muda wa miezi mitatu
kuanzia tarehe iliyo hapa juu.*
Nikaitazama tarehe iliyo hapo juu.
Miezi mitatu ilikuwa imekwisha jana.
Na wino ulikuwa unanichafua vidole.

Kavinya fundi wa nguo
aliketi juu ya cherehani yake kama anayeatamia.
Akaninyoshea mkono: lete.
Akasoma polepole, midomo ikitembea,
akageuza upande wa pili.
Ulikuwa mtupu. Akautazama huo zaidi.

"Sijasema ardhi ni yangu," akasema.
"Mama mkwe alijua, akafa akijua. Ni ya serikali. Sawa.
Lakini hata mchinja kuku hutaja bismillahi kwanza.
Mngekuja mchana. Mngepiga hodi.
Kwa miezi mitatu ningemaliza sare za watoto wa watu,
ningetafuta chumba,
ningemfikia jaji nikamwuliza swali moja tu,
na akisema ondoka, ningeondoka,
sindano zangu zikiwa kwenye kopo lake."

Sindano zake zilikuwa topeni.
Bintiye alikuwa amechomoa sumaku kwenye spika ya redio iliyopondeka,
akaifunga uzi,
akawa anavua:
moja.
Kimya kirefu.
Mbili.

"Unaitwa nani?" Kavinya akaniuliza.
Nikamwambia Ekesa.
"Basi, Ekesa, mimi sasa nimearifiwa," akasema,
akaikunja karatasi mara nne, akaiweka kifuani,
mahali anapoweka pesa.

Amri ni amri. Nilipiga picha arobaini na mbili za matope.
Gundi nikaimwaga. Kuku akaila.
Nikarudi nyumbani kwa miguu.

Miezi ikapita. Milimani, chumba cha ghorofa ya juu, feni haizunguki.
Wakili wa serikali, shingo safi, akasema
utaratibu ulifuatwa, notisi ilibandikwa
kwenye kila mlango.
"Na nani?" akauliza jaji,
bila kuinua macho kwenye faili.

Nilikuwa benchi la nyuma.
Hakuna aliyeniita; nilisikia tu, kama mtu anavyosikia matanga.
Karani akageuka, akanitazama
kana kwamba anataka ile mia tano irudi.
Kavinya hakugeuka. Mkono wake ulikuwa kifuani.

Nikasimama. Magoti yakanisaliti kidogo.
"Ni mimi, mheshimiwa. Picha ninazo, zote.
Nionyeshe mlango."